Kaza Mbili, Rudisha Moja

Wodi ya Watoto, Hospitali Kuu
Tarehe 7 Februari

Kaka yangu,

Shikamoo. Na ya Mama uipokee wewe umfikishie, umwambie binti yake ameiandika akiwa amepiga magoti kweli, maana hapa hakuna meza, naandikia juu ya godoro. Mwambie wifi blanketi lake limeniokoa. Feni ya wodi hii haina kuzima wala kupunguza, ni kama inalipiza kisasi.

Sisi tulifika salama. Chiriku aliongea njia nzima, hadi dereva akamwambia kondakta amhamishie mtoto mbele, amsaidie asisinzie. Wewe unamjua, maneno yanatoka yamebanwa, nusu hayaeleweki, lakini hayaishi.

Nikupe sifa za mahali hapa kwanza. Mashuka yao yamefuliwa na mtu anayejua kazi. Niliyanusa siku ya kwanza, nikakunja pindo nikaangalia ndani, hakuna sabuni iliyobaki. Nimefua mashuka ya nyumba za wageni tangu usichana wangu, huwezi kunidanganya kwa pindo. Nikasema moyoni, watu wanaosuuza shuka hivi hawatamshughulikia mtoto wangu nusunusu.

Sasa ndio nije kwenye lenyewe. Daktari wa mataya ni mwanamke, kwa umri ningeweza kumzaa. Alinikalisha, akachora kwenye karatasi. Akasema, "Mama, uso wa mtoto umekua, taya la chini limebaki la kichanga. Ulimi wake hauna nyumba. Akilala chali unarudi nyuma, unaziba koo." Kaka, nilitaka kumkumbatia. Miaka saba watu wananiambia mtoto huyu ana pumu, ana mapepo, ana mama anayemdekeza. Wewe uliwahi kulala kwangu, uliona anavyolala, ameketi, mgongo kwenye mito, na mimi vidole viwili chini ya kidevu nikikivuta mbele ili apate hewa. Hakuna aliyewahi kuniambia ni ulimi hauna nyumba.

Dawa yake ndiyo inanitetemesha. Watakata mfupa wa taya pande zote mbili, wafunge vyuma vidogo kwa ndani. Kila chuma kina mkia mwembamba utakaotokea nje, chini ya taya. Mkia huo unageuzwa kwa kibisibisi, kidogo asubuhi, kidogo jioni. Kila siku vipande vinaachana unene wa ukucha tu, na mwili ukiona pengo unalijaza mfupa mpya. Nikamuuliza, huo mfupa mpya mnautoa wapi? Akasema, "Kwa mtoto mwenyewe."

Nikamuuliza tena, nani atakayegeuza? Akanitazama. Akasema, "Wewe."

Mikono hii, kaka. Mikono inayokamua shuka la kitanda kipana hadi linalia.

Wewe ndiye mtu wa skrubu katika ukoo wetu. Niambie kama umewahi kusikia kitu kikirefushwa hivyo kikabaki kizima. Sahihi nimeshaweka, sikusubiri jibu lako, usikasirike. Marehemu baba yake angekuwepo ningemsukumia yeye. Mkono tu ndio haujatulia.

Mdogo wako,
Mama Chiriku


Dukani
Tarehe 15 Februari

Mdogo wangu,

Marahaba, marahaba, na ya tatu ni ya Mama. Goti lake la kushoto linamsumbua, mdomo haujambo. Nilipomsomea barua yako aliuliza jambo moja tu: hicho kidevu kipya kitafanana na cha nani? Nikamwambia cha upande wetu. Akasema basi bora wamwachie cha zamani.

Wifi yako anakusalimu. Kuku wako mweusi ametotoa, na wifi yako ameanza kumwita "kuku wetu". Rudi upesi.

Umefanya vizuri kuweka sahihi. Ungeningoja mimi ningeanza kuuliza maswali ya kiume, siku zikapita bure. Kuhusu skrubu, tulia. Umekuja kwa mwenyewe.

Unaukumbuka ule mguu wangu wa mbao wa kutanulia viatu, uliopasuliwa katikati na kuunganishwa kwa skrubu? Mtu analeta kiatu kinambana. Nakivalisha mguu ule, nageuza skrubu, mbao zinaachana, ngozi inavutika. Leo kidogo, kesho kidogo. Mwisho wa juma mwenye kiatu anatembea kama harusi ni yake. Huyo daktari wako na mimi ni mafundi wa kazi moja, ila yeye ana koti.

Nikupe siri ambayo wanafunzi wangu huwa siwapi mwaka wa kwanza. Ngozi haipendi kuvutwa mfululizo. Ukikaza tu, inachanika kwenye mshono. Kaza mbili, rudisha moja. Ipe pumzi. Ukisikia inalia, legeza, haitakusaliti. Mkono wenye nguvu si tatizo, mkono wenye haraka ndio tatizo, na wewe hujawahi kuwa na haraka tangu tulipokuwa tunatumwa dukani.

Kwa hiyo shika hicho kibisibisi. Mtoto akilia, rudisha kidogo, usiogope. Hiyo ni kazi ya kwetu.

Mwambie Chiriku Mjomba anamtengenezea viatu vyekundu. Asiongee sana mshono ukiwa mbichi, kama ataweza, na hataweza.

Kaka yako,
fundi


Nyumba ya Wageni wa Wagonjwa, ng'ambo ya barabara
Tarehe 2 Machi

Kaka yangu, fundi wangu,

Shikamoo, na goti la Mama pole. Mwambie alikande na maji ya moto, si ya vuguvugu. Na huyo kuku mwambieni wifi nimemhesabu na vifaranga vyake kwa mbali.

Mungu ashukuriwe, na baada yake wale watu wa kofia za kijani. Chiriku ametoka salama. Siku alipotolewa chumba cha upasuaji uso ulikuwa umevimba kama mto, nikamtambua kwa miguu. Dawa ya nusu kaputi ilipomwachia, mdomo haufunguki, akaniambia kwa pembeni, "Mama, nani kanikalia?" Nikacheka na kulia, vyote pamoja, hadi mama wa kitanda cha dirishani akaniletea maji.

Siku za kwanza hawakugusa kitu, waliuacha mfupa uzoee. Kisha muuguzi wa asubuhi akaanza kugeuza. Sisi wodini tunamwita Mama Glovu kwa kuwa hazimtoki mikononi, hata chai anaifuata nazo akakumbuka mlangoni. Akigeuza, mimi nageukia ukutani. Akaniambia, "Mama, mtoto wako hayupo ukutani." Akanipa kibisibisi, nikakataa. Kesho yake akanipa, nikakataa.

Siku hiyohiyo ya kukataa mara ya pili ndipo barua yako ilipofika. Niliisoma nimeketi ngazini, watu wananiruka. Nikarudi wodini nikamwambia Mama Glovu, lete. Kibisibisi chenyewe kina mshale mdogo wa kuonyesha upande wa kwenda. Nikageuza cha taya la kulia, nikageuza cha kushoto. Mkono ulikuwa umetulia kama ninapitisha uzi kwenye sindano. Mama Glovu akasema, "Kumbe unaweza." Nikamwambia nina kaka.

Sasa tumeruhusiwa kulala huku ng'ambo, tunarudi hospitali siku za kliniki tu. Chumba kina vitanda viwili na dirisha linalotazama kamba za kuanikia. Usinicheke, nakaa hapo naangalia wanavyoanika.

Nafanya kama ulivyoniambia. Nakaza kufuata mshale, akianza kulia narudisha kidogo, anatulia. Siku hizi hangoji hata kulia, ananikumbusha mwenyewe, "Mama, ya kurudisha umesahau." Maumivu yamepungua sana. Kabla ya hapo alikuwa akiniona na kibisibisi anajificha chini ya kitanda, sasa analeta kidevu mwenyewe. Hili sijamwambia Mama Glovu, nimeona nisimchoshe. Kila fundi na siri yake.

Nakushukuru, kaka. Sijui wasio na kaka wanageuza vipi.

Mdogo wako


Nyumba ya Wageni wa Wagonjwa
Tarehe 9 Machi

Kaka yangu,

Shikamoo, mko salama, goti la Mama je? Sisi tupo.

Jana tulikuwa kliniki. Daktari amesema kazi inakwenda, ila polepole kuliko alivyotaka, kwa hiyo tutakaa huku zaidi kidogo. Ndiyo hivyo tu. Kwa sasa anageuza Mama Glovu, tunavuka barabara asubuhi na jioni kumfuata, na mimi namshika mtoto kichwa. Ni utaratibu wao. Si jambo la kukukosesha usingizi.

Chiriku analia kidogo, lakini hajambo.

Leo kulikuwa na jua kali, mashuka yamekauka kabla ya adhana ya mchana. Mfuaji wa hapa ni baba mtu mzima. Amenionyesha anavyokunja pembe za shuka la mpira, sikuwa naijua ile. Nitakufundisha nikirudi, ingawa wewe hufui.

Sina mengi.

Mdogo wako


Dukani
Tarehe 10 Machi, kwa mkono wa kondakta

Mdogo wangu,

Salamu zitakuja na barua nyingine. Hii isome umesimama.

USIRUDISHE. Kama una kibisibisi mkononi, kiweke chini, mchukue mtoto, vuka barabara sasa hivi, umwambie daktari kila kitu nilichokwambia na ulichofanya.

Barua yako ya tarehe mbili ilifika leo asubuhi. Nilifurahi nikaisoma kwa sauti mbele ya wateja, kifua mbele. Palikuwa na yule mkunga mstaafu wa mtaani kwetu, amekuja kuchukua sandali. Wengine wakacheka kwa furaha, yeye akanyamaza. Akasema, "Fundi, rudia hapo pa kurudisha." Nikarudia. Akasema, "Wewe unavuta kitu kilichokufa. Ngozi haina la kufanya, inavutika tu. Mfupa wa mtoto uko hai, unajaza pengo lile nyuma yenu. Mkirudisha mnauminya mfupa mchanga. Na mkichelewachelewa, unashikana mfupi vilevile ulivyo, halafu itabidi akatwe upya."

Akatwe upya. Nimeliandika hilo neno na mkono wangu unakataa.

Nilikimbia posta nikapiga simu hospitali. Aliyepokea akaniuliza wodi gani, nikamwambia, akaangalia, akasema mgonjwa huyo ameshatoka. Nikamwambia yuko ng'ambo ya barabara, mwite. Akasema, "Mzee, barabara ina ng'ambo mbili," akakata. Kwa hiyo barua hii nimempa kondakta wa basi la asubuhi, nimemwapisha ailete mkononi mwako.

Nikisikia lolote baya nitakuja mwenyewe kwa huyo daktari nimwambie aliyekosea ni nani. Usijibebeshe. Ulimi ni wangu.

Kaka yako


Nyumba ya Wageni wa Wagonjwa
Tarehe 13 Machi

Kaka yangu,

Shikamoo. Kondakta alifika. Aligonga milango yote ya ghorofa ya chini akiuliza, "Mama wa mtoto wa skrubu yuko wapi?" Sasa jina hilo limetushika.

Kaa chini. Mtoto yuko salama. Nilikuwa najua kabla barua yako haijafika. Nilijua tangu tarehe nane, na ile barua yangu ya tarehe tisa nilikuficha. Sasa kwa kuwa umeshagundua mwenyewe, nikueleze ilivyokuwa.

Daktari alimpima, akatazama meno ya chini yalivyokaa nyuma ya ya juu, akapima tena. Akaniuliza, "Unageuza kufuata mshale?" Ndiyo. "Asubuhi na jioni?" Ndiyo. "Hujaruka hata siku moja?" Sijaruka. Nilikuwa najibu ukweli, kaka, jasho linanitoka, sijui kosa liko wapi. Chiriku akadakia kwa ule mdomo wake wa pembeni, "Halafu Mama anarudisha. Mjomba kasema."

Daktari akauliza kwa upole kabisa, "Mjomba ni daktari?" Chiriku akasema, "Ni fundi viatu." Mama Glovu alikohoa akatoka nje, na hata sasa sijui alikwenda kucheka au kulia.

Nikasema, "Daktari, mkono ni wangu." Ndicho nilichosema, na si uongo. Ulisema rudisha akilia, mimi nilikuwa narudisha hata akikunja uso. Nilimwonea huruma. Hiyo sikuitoa kwako.

Tukapelekwa eksirei. Pale benchi, kaka, sitaki kukuelezea. Nilikuwa nimeshika viatu vya mtoto, nikavikamua kama shuka. Daktari akatoka na picha ameishika juu kwenye taa. Akasema, "Mlango haujafungwa. Mfupa bado laini. Tunaendelea tulipoishia." Halafu akaniambia jambo ambalo sikulitegemea kwa mtu mwenye cheo chake. Akasema, "Nilikuonyesha namna ya kugeuza, sikukueleza kwa nini usirudishe. Hilo lilikuwa langu." Tangu hapo kila mama mpya anayepewa kibisibisi anaambiwa, nimesikia kwa masikio yangu.

Kwa hiyo usije. Hakuna cha kuja kumwambia mtu. Jana Mama Glovu amenirudishia kibisibisi. Nageuza mbele tu, Chiriku analia, na mimi nalia, halafu tunakunywa uji.

Mdogo wako


Nyumba ya Wageni wa Wagonjwa
Tarehe 18 Aprili

Kaka,

Shikamoo. Hii ni ya nne naandika bila jibu, pamoja na zile mbili fupi za katikati. Posta si mbovu hivyo. Mama jirani yangu hapa amepokea barua mbili kutoka hukohuko.

Kama unaumwa, wifi aniandikie. Kama huumwi, najua unachoumwa.

Nikupe habari kwanza. Kugeuza kumekwisha. Meno ya chini yamefika chini ya ya juu, yanakutana. Sasa vyuma vinakaa tu, mfupa ukomae, miezi miwili hivi, na hatuna kazi ila kusafisha ile mikia na kungoja. Chiriku ana kidevu. Jana alikwenda kwenye kioo cha mapokezi akajitazama upande mmoja, akajitazama upande wa pili, akaniuliza, "Huyu ndiye atakuwa anaongea sasa?" Nikamwambia ndiye. Akasema, "Sawa, ana sura ya kusikilizwa."

Sasa unisikilize na wewe. Watu wengi wamenisaidia huku, nawaombea kwa zamu ili nisimsahau mmoja. Lakini siku ile ngazini sikuwa na mtu. Mama Glovu alikuwa ameniambia waziwazi, ukikataa na kesho, tutambakiza wodini, na vitanda havitoshi, watu wanalala chini. Nilikuwa nimeshafunga begi langu moyoni, kaka. Nilikuwa najiuliza kama naweza kumrudisha nyumbani na taya lake la zamani, niendelee kukishika kidevu mpaka nizeeke. Barua yako ndiyo ilinirudisha ndani. Njia uliikosea, lakini bila wewe nisingeondoka pale ngazini. Daktari amerekebisha njia. Woga wangu hakuna eksirei ingeuona.

Niandikie. Hata kama ni kunitukana.

Mdogo wako


Dukani
Tarehe 2 Mei

Mdogo wangu,

Marahaba zote ulizonidai.

Siumwi. Barua zako zote zilifika. Nilikuwa nakaa na kalamu, naandika "mdogo wangu", naishia hapo. Kila mteja aliyeleta kiatu kinachombana nilimwambia anunue kingine. Wifi yako alivumilia, mwisho akanifokea mbele ya wanafunzi: "Wewe umemkosea mtu, halafu unanyamaza ili yeye ndiye akubembeleze?" Nikaona haya. Mama naye akaongezea kutoka chumbani, hajaulizwa, "Na ndivyo baba yake alivyokuwa."

Yule mkunga huwa anapita kila wiki kuuliza habari za mtoto. Nilimsomea barua yako ya mwisho, pale pa ngazini sikuweza kusoma kwa sauti. Akachukua karatasi akasoma mwenyewe. Akanirudishia, akasema, "Basi, fundi. Umeachiwa."

Mdogo wangu, nimekuwa nikitoa ushauri tangu nikiwa na meno ya utoto. Kwa mara ya kwanza nimeona ushauri wangu ukiingia kwenye mwili wa mtoto. Sasa mtu akiniuliza jambo lisilo la viatu, nasema sijui. Wanafunzi wangu wanadhani naumwa kichwa.

Nakushukuru kwa kunificha siku zile nne. Na nakushukuru zaidi kwa kutonificha baadaye.

Nieleze wakitoa vyuma. Nieleze analalaje. Hilo ndilo ninalotaka kulijua, mengine yote yangoje.

Kaka yako


Nyumba ya Wageni wa Wagonjwa
Tarehe 4 Julai

Kaka yangu,

Shikamoo, na shikamoo ya Mama, na wifi mwambie nakuja kuchukua kuku wangu. Kama ameshauza mmoja, asinieleze, nitamjua kwa macho.

Vyuma vimetoka wiki iliyopita. Daktari alinionyesha, viko viwili, vinaenea kiganjani kama mbegu. Nilitaka niviombe nikuletee, nikaona haya. Chini ya taya kumebaki makovu madogo, kila upande moja. Daktari amesema yatafifia. Amesema pia mtoto akikua huenda taya likahitaji kutazamwa tena, hawezi kuniahidi la maisha. Nikamwambia, "Binti yangu, sikukuomba la maisha." Nikamshika mikono yote miwili. Nilitaka kusema maneno niliyoyaandaa tangu Machi, yakapotea yote, nikamwambia tu kwamba mashuka yao ni safi sana. Akacheka, akasema atamfikishia mfuaji. Mama Glovu, yeye nilimkuta mlangoni. Akavua glovu, akanipa mkono mtupu. Sikujua ana pete.

Umeniuliza analalaje. Sikutaka kukujibu mapema, nilikuwa naogopa kulitaja likaharibika. Hata daktari aliposema sasa mlaze chali bila mito, niliitikia ndiyo, nikampangia mito mitatu. Nikapunguza mmoja. Nikapunguza wa pili. Huo wa mwisho niling'ang'ana nao kama unanilipa.

Leo mchana tumetoka kuaga wodini, Chiriku amewaaga wote kitanda hadi kitanda kwa hotuba, amerudi amechoka. Akajitupa kitandani. Mto ameupiga teke mwenyewe, ukaanguka chini. Akalala chali, kaka, mikono juu kama aliyekamatwa na polisi, mdomo umefungwa.

Mimi nikaketi pembeni, vidole viwili vimeshatangulia mbele bila kutumwa. Nikavirudisha. Nikasikiliza. Unajua mlio wake wa zamani, ule wa kukoroma, kukwama, kushtuka, kuanza upya. Miaka yote ile mlio ulikuwa mbaya lakini ulikuwa unaniambia yupo. Leo hakuna kitu. Nasikia kamba za nje, nasikia ndoo ya mfuaji, yeye simsikii. Nikamwekea sikio puani. Sikuamini. Nikamtikisa bega.

Akafungua jicho moja. "Nini?"

"Nakuangalia tu, mama."

Akalala. Nikajaribu kufunga begi, nikakunja gauni lilelile mara tatu. Kimya kile kile. Nikarudi, nikamtikisa tena.

"Mama," akaniambia, na safari hii kila herufi nimeisikia, hakuna iliyobanwa, "niache. Napumua."

Basi nimemwacha. Nimekaa dirishani nakuandikia.

Mdogo wako